Maswali ya Watunzi: Chama cha Siri cha Watambaji Wenye Uchawi

Barua nyingi zilizotufikia safari hii zinahusu jambo moja: riwaya za fantasia ambamo watambaji wa ngano wamejificha katika chama cha siri na maneno yao yana nguvu. Tumechagua sita. Ya kwanza tumeijibu kwa urefu kwa sababu kasoro iliyomo ndiyo tuliyoikuta katika nyingi ya zile nyingine.

Shikamoo wahariri. Katika riwaya yangu, lolote analosimulia mwanachama hutokea. Akisema mvua inyeshe, inanyesha. Nimefika sura ya tano na shujaa wangu hana tena wa kumtisha. Nimekwama kabisa. Nifanyeje?
*Msomaji, Nyalenda, Kisumu*

Marahaba. Umekwama kwa sababu uchawi wako hauhitaji mtu mwingine. Mtambaji huita “Paukwa!” na hadhira ikaitika “Pakawa!” Asipoitikiwa, hana pa kuanzia. Basi hiyo iwe sheria yako ya kwanza: neno la mtambaji halina nguvu mpaka liitikiwe na mtu anayelisikia na aliye huru kukataa.

Angalia sheria hiyo moja inakuzalishia nini. Mlinzi kiziwi anakuwa mtu wa hatari. Mfalme adui anaweza kulifunza jeshi lake kunyamaza. Umati uliokata tamaa unaweza kukataa kuitikia hata kama kuitikia kungeuokoa. Zaidi ya yote, chama chako kinapata mgongano ulio ndani ya maumbile yake: kinataka kujificha, lakini kila kinapotaka kutumia nguvu zake hakina budi kutoka kutafuta masikio. Mgongano huo unatosha kubeba riwaya nzima.

Kisha pima tendo kwa idadi ya waitikiaji, na uandike vipimo hivyo kabla hujaendelea. Kwa mfano, mwitikiaji mmoja anatosha kuwasha moto jikoni, saba kufunga lango lisifunguke, arobaini kuugeuza mto. Nambari ni zako, ila ukishaziweka usiziguse. Kinachoharibu kazi nyingi ni kwamba mtunzi anadai watu arobaini katika sura ya tatu, halafu katika sura ya ishirini, shujaa akiwa taabani, watatu wanatosha. Msomaji anakumbuka, na kuanzia hapo hakuamini tena.

Sheria ya pili ni wakati. Jamii nyingi za kwetu zilikataza ngano mchana, na watoto walitishwa kwamba wakizisikiliza jua likiwaka wangedumaa. Mchana ulikuwa wa shamba na mifugo. Ukiuruhusu uchawi wako usiku tu, tayari una saa inayokwenda. Kisumu iko karibu kabisa na ikweta, kwa hiyo urefu wa usiku haubadiliki sana mwaka mzima: jua hutua kabla ya saa moja jioni na mwanga hurudi kama saa kumi na mbili na nusu asubuhi. Kama ulimwengu wako umeuchora kwa mfano wa kwetu, shujaa ana takriban saa kumi na mbili, basi. Lango lililofungwa kwa hadithi litafunguka alfajiri, na wanaolingoja nje wanajua.

Sheria ya tatu ni gharama. Kuna watambaji wa Kiswahili ambao hufunga hadithi kwa kusema kwamba ikiwa nzuri, uzuri wake ni wetu sote, na ikiwa mbaya, ubaya wake ni wangu peke yangu. Chukua kauli hiyo na uifanye iwe kweli katika ulimwengu wako: madhara ya kila hadithi humrudia aliyeisimulia. Usitumie uchovu kama gharama, wala damu ya pua. Anayechoka hulala akaamka mzima, na msomaji analijua hilo. Mnyang'anye kitu kisichorudi: kila ngano kubwa imgharimu kumbukumbu moja ya kweli. Leo anapoteza sauti ya mama yake, kesho njia ya kwao, mwisho jina la mtoto wake wa kwanza. Na upotevu huo uonekane ukurasani, mtu amsalimie naye asimtambue. Usiseme tu kwamba “alihisi pengo moyoni”.

Ukishaandika sheria zote tatu katika ukurasa mmoja, zijaribu. Mkabidhi nguvu hizo mfanyabiashara mlafi wa mahindi pale soko la Kibuye, kisha ujiulize angetajirika vipi kabla ya jua kuchomoza. Ukiona anaweza kutajirika bila kulipa chochote, sheria ina tundu. Lizibe, umjaribu tena.

Sura zako tano huna haja ya kuzitupa. Zipitie ukitia alama kila mahali penye muujiza, na kando yake uandike: nani aliitikia? Pasipo na mtu, weka mtu. Mtoto aliyejibanza nyuma ya mlango, akaitika bila kujua alichokifanya, anaweza kukupa sura ya sita yote.

Chama changu kina wanachama 300 na vyeo kumi na viwili, na makao makuu yamo ndani ya Menengai. Rafiki yangu anasema ni wengi mno. Je, ana haki?
*Msomaji, Section 58, Nakuru*

Ana haki. Siri inayojulikana na watu 300 imeshakuwa habari. Shuka hadi ishirini na mmoja, na kati yao msomaji awafahamu vizuri watano au sita tu. Vyeo vitatu vinatosha: mwanagenzi, mtambaji na gwiji.

Huna haja ya kubuni kila kitu, kwani Afrika imekuwa na vyama vya aina hii. Kwa Waluba wa Kongo kulikuwa na chama cha mbudye, watunza kumbukumbu za ufalme, waliokuwa na ubao mdogo wa kushika mkononi uitwao lukasa, uliopachikwa shanga na kauri. Mjuzi alipitisha kidole juu ya shanga hizo huku akieleza asili ya wafalme, safari zao na mahali patakatifu. Ni waliofika ngazi za juu tu ndio walioweza kuusoma. Nchini Rwanda, abiru waliihifadhi kichwani kanuni ya siri ya ufalme iitwayo ubwiru, na sehemu zake ziligawanywa kati yao. Mbali zaidi, maandishi ya kale ya Ireland yanasema mshairi wa daraja la juu kabisa alipaswa kujua ngano 350.

Mgawanyo wa abiru ndio tungekushauri uuchukue kwanza. Ngano kuu ya chama igawanywe vipande, kila gwiji akishika kimoja, na asiwepo mtu mwenye ngano nzima. Hapo kifo cha mmoja kinakuwa msiba wa wote, na adui anajua hawezi kuiba kitu kwa kumteka mtu mmoja. Kila mwanachama amjue mwalimu wake na mwanafunzi wake tu. Hata akiteswa, hana majina zaidi ya mawili ya kutoa.

Mwanagenzi naye asiwe mtumwa wa kuteka maji. Kwa sheria tuliyoieleza juu, kuitikia ni nusu ya uchawi. Mwaka wa kwanza aitikie tu. Wa pili ajifunze nyimbo za ndani ya ngano, na wa tatu apewe ngano moja fupi aisimulie mbele ya gwiji ambaye ameagizwa asiitike mpaka aridhike. Mtihani huo unatia woga kuliko kumtuma kijana kwenye pango la nyoka.

Kuhusu Menengai: kasoko ile ya volkano ina upana wa kilomita kama kumi na mbili, ina mivuke inayofuka ardhini, na simulizi za vita vya Wamaasai na watu waliotumbukizwa humo zinajulikana. Inavutia, tunakubali. Lakini mahali pa siri hupimwa kwa maswali matatu: wanachama wana sababu gani ya kuonekana pale, watatokea wapi wakivamiwa, na masikio ya kuitikia yatatoka wapi? Menengai inajibu la pili tu. Matanga yanajibu yote matatu. Ni usiku, watu ni wengi, mgeni haulizwi alikotoka, na kuitikia kwa sauti ni jambo la kawaida. Chama kinachokutana kwenye matanga ya watu wasiowajua, kila mwezi kijiji kingine, hakihitaji makao makuu.

Ukitaka kuona jinsi neno linavyopewa uzito katika msiba, chunguza kumuse wa Wabukusu, kule Bungoma. Baada ya mazishi ya mzee, msemaji husimama katika uwanja ulioachwa wazi katikati ya watu, akienda na kurudi huku akisimulia asili ya jamii na kuwaonya walio hai. Kazi hiyo haifanywi na yeyote apendaye. Ina koo zake. Mwendo ule wa kwenda na kurudi, umati umeketi kimya, ni mchoro tayari wa duara la kichawi.

Nataka wanachama watambuane kwa lugha ya siri. Nimetumia kinyume, lakini dada yangu mdogo aliisoma yote kwa dakika tano.
*Msomaji, Lurambi, Kakamega*

Kinyume, ile ya kuleta silabi ya mwisho mbele ili “kesho” iwe “shoke”, ni mchezo wa watoto, na watoto huuvunja. Waachie wanagenzi wako waitumie wanapotaniana.

Ishara nzuri ni ile inayosikiwa na kila mtu lakini inaeleweka na mmoja. Mwanachama anasimulia ngano inayojulikana na wote, lakini anaweka kosa moja: sungura anakwenda kisimani na fisi, badala ya tembo. Mtu wa kawaida atamsahihisha. Mwanachama hatasahihisha, yeye ataongeza kosa la pili, na mahali pa kosa hilo ndipo ujumbe ulipo. Likiwa kwenye mnyama, kuna hatari. Likiwa kwenye idadi, hiyo ni siku ya mkutano. Chagua aina tatu za makosa, usizidishe, maana msomaji lazima naye azishike kichwani. Mwonyeshe mara ya kwanza ikifanya kazi vizuri katika tukio dogo. Mara ya pili ndipo kosa liingie kwa bahati mbaya, kutoka kinywani mwa mzee aliyesahau.

Kitendawili kinakupa zaidi. Mtegaji anasema “Kitendawili!”, anajibiwa “Tega!” Wakishindwa wote, hudai apewe mji, naye hupewa, kisha ndipo huufumbua. Katika ulimwengu wako, mji ukitolewa uwe umetolewa kweli. Magwiji wawili wakae uso kwa uso, mmoja ashindwe, atamke jina la mji wake, na kesho yake watu wa mji huo waamke wakiwa na mtawala mwingine bila kujua kwa nini. Vita vizima vinaweza kupiganwa na watu wawili walioketi kwenye vigoda. Kuwa mwangalifu na kitendawili chenyewe: kama ni kile kinachojulikana na kila mtoto wa shule, ushindi hautaaminika. Tunga kipya, kisha uwape watu watano wasiokijua. Wakikifumbua wote ni chepesi. Asipopatikana hata mmoja, na wakisikia jibu bado wasikubali, ni kibovu. Unachotaka ni kile wanachoshindwa, kisha wakisikia jibu wanapiga paja.

Kwa ujumbe wa mbali, nyumbani kwenu kuna isukuti: ngoma tatu, kubwa, ya wastani na ndogo. Mpe kila ngoma ngazi yake katika chama. Ngoma ya gwiji ikikosekana katika mlio, wote wajue kwamba hayupo.

Sisi wa Kendu Bay tumelelewa na hadithi ya Simbi Nyaima. Nataka yule bikizee aliyezamisha kijiji awe mwanachama wa chama changu. Je, inaruhusiwa?
*Msomaji, Kendu Bay, Homa Bay*

Hakuna wa kukukataza. Ila tuna msimamo: ukitumia jina la mahali, usibadilishe mwisho wake, ukibadilisha mwisho, badilisha na jina. Simbi Nyaima ni ziwa ambalo watu wanaishi kando yake na wanaihesabu hadithi ile kuwa ya kwao. Wakikuta bikizee amesamehe kijiji, watakiweka kitabu chini, na wana haki.

Lililo bora ni kuchukua utaratibu wa ndani. Bikizee alifika kwenye sherehe usiku, akafukuzwa. Mwanamke mmoja akampokea, akampa chakula, naye akaambiwa aondoke kabla maji hayajaja. Linganisha na Nyamgondho, mvuvi aliyemnasa bikizee kwenye wavu wake, akamweka nyumbani, akatajirika, kisha akamtukana akiwa amelewa. Mifugo yote ikamfuata bikizee ziwani, na mwenyewe akabaki amesimama ufuoni. Katika zote mbili kuna mgeni asiyejulikana, kuna jaribio dogo la utu, na adhabu inatokana na kosa lenyewe: waliomnyima mgeni makao wanakosa makao, aliyedharau chanzo cha mali anakosa mali. Hiyo inafaa kabisa kuwa kanuni ya chama: mtambaji aingie kijijini kama mgeni mhitaji, na asisimulie lolote mpaka ajue amepokewa vipi.

Kwa vifaa, mpe mmoja wao nyatiti. Ina nyuzi nane. Mpigaji hukaa chini kwenye kigoda, huvaa pete ya chuma kwenye kidole gumba cha mguu na kuigonga kwenye mbao ya chombo, na gara, yaani njuga, zikilia mguuni. Sauti hizo tatu zinaweza kufanya kazi tatu: nyuzi zibebe hadithi, pete ihesabu muda uliobaki, gara ziseme na wanachama waliomo katika umati. Mtunzi anayeandika tu kwamba “alipiga ala yake ya ajabu” anapoteza yote hayo.

Siwindhe nayo isisahaulike, nyumba ambamo wasichana wa Kijaluo walilala na kufunzwa na mwanamke mzee aitwaye pim. Ni shule ya usiku, ya ngano na vitendawili, na mwalimu wake ni mwanamke. Kama chama chako kina wanaume peke yao, jiulize upya.

Kila nikifika mahali mtambaji anaposimulia, wasomaji wangu wa majaribio wanaruka kurasa. Nikate?
*Msomaji, Suneka, Kisii*

Usikate, fupisha. Ngano ya ndani isizidi maneno 500, na katika hayo ikatizwe angalau mara tatu: mtoto anauliza, kuni zinaporomoka, mlinzi anapita nje. Kila mkatizo ubadilishe kitu katika tukio la nje. Kama haubadilishi, utoe. Wimbo wa ngano uandike wote mara moja tu, mistari minne. Mara ya pili weka mstari wa kwanza pekee. Mara ya tatu urudie wote, lakini ukiwa umebadilisha neno moja, na hapo ndipo uchawi utokee.

Nyakati za vitenzi zikusaidie. Simulia ngano kwa “-ka-”, akaenda, akafika, akagonga. Uchawi unapoanza kushika, hamia “-na-” bila kutangaza: anafungua, anaingia, anatutazama. Msomaji atasikia hadithi imevuka ikaingia chumbani. Fanya hivyo mara mbili au tatu katika riwaya nzima. Ukifanya kila sura, itageuka kuwa mazoea.

Mwanachama mmoja anakisaliti chama. Nimeandika wanamuua, lakini naona ni rahisi mno. Adhabu gani inafaa?
*Msomaji, Webuye, Bungoma*

Mnyang'anyeni mwisho. Kila jamii ina namna ya kuifunga ngano; Waluo husema “thu tinda”, nayo ikawa imekwisha. Msaliti asahaulishwe maneno ya kufungia. Atakaposimulia tena, na atasimulia kwa kuwa hana ujuzi mwingine, hadithi itaanza vizuri, waitikiaji wataitikia, lakini hataweza kuisimamisha. Zimwi alilolileta kumfurahisha mfalme aliyemnunua litaendelea kutembea kasrini hata baada ya watu kwenda kulala.

Ili adhabu hiyo ifanye kazi, mwonyeshe msomaji mara mbili mapema, katika sura za amani, mtambaji akifunga hadithi na vitu vikirudi mahali pake. Moja iwe kabla ya robo ya kitabu. Pia amua nani anaweza kuifunga hadithi ya mwenzake. Kwa maoni yetu awe ni mwanagenzi wa msaliti huyo huyo, aliyemfundisha maneno ya kufungia kwa mdomo wake mwenyewe, na ambaye sasa anatakiwa kuamua kama aingie kasrini au aache.